Mstari Uliokuwa Chini ya Dole Gumba

Marahaba, Leokadia. Naitikia shikamoo ambayo hukuileta, maana nikisubiri uilete mwenyewe nitazikwa nayo mdomoni. Mavuno mawili ya maharage yamepita hujakanyaga uani kwangu. Mara mbili nimepanda, nimepalilia, nimepura, nimepeta, na kila nikiinua macho naona moshi wa kambi upande wa pili wa bonde, na chini ya moshi yale maturubai ya buluu, na chini ya turubai mojawapo uko wewe na wagonjwa wako. Mtu mwenye miguu mizima akiondoka huko alfajiri anafika kwangu kabla chakula cha mchana hakijaiva. Miguu yako ina nini? Wakimbizi wenyewe, waliotoka ng'ambo ya mto na magodoro kichwani, wanafika hapa kuniomba kuni. Wewe usiye na godoro kichwani umeshindwa.

Na habari ya safari yako nimeipata kwa yule mama anayenunua ndizi zangu kupeleka kambini! Amesimama hapa leo asubuhi, anabonyeza mkungu kama anabonyeza shavu la mtoto, akaniambia, "Bibi, kumbe binti yako anaondoka kesho. Lori linampeleka Mwanza, anakwenda kusomea kazi ya chumba cha upasuaji." Nikamjibu, "Ndiyo, aliniambia." Umenitia uongo mdomoni, mwanangu, mbele ya mtu ninayemkuta kanisani kila Jumapili.

Nakuita mwanangu ingawa wewe ni mjukuu. Nilikulea tangu ulipokuwa hujaota jino, nikakunywesha maziwa ya ng'ombe kwa kitambaa kilichochovywa, ukawa unauma kitambaa hadi nakuvuta nacho kama samaki. Basi wewe ni mwanangu, na asiyetaka aje tugombane.

Anayeandika ni Gaspari, katekista wa kigango chetu, yule aliyekufundisha kuungama. Mimi kalamu naijua kwa kuiona tu. Tumekaa hapa nyuma ya jiko, yeye juu ya kinu kilicholazwa, mimi chini. Alitaka kuanza kwa kusema anatumaini barua itakukuta katika hali njema. Nikamwambia afute. Akasema, "Mama, barua ina heshima zake." Nikamwambia heshima ziko kwenye shikamoo, na hiyo ndiyo haikuja. Amecheka, amefuta. Jua likianza kushuka atapanda baiskeli aje kukukabidhi mkononi kabla hujalala, kwa hiyo nitasema haraka, naye aandike ninavyosema, hata pale atakapotaka kunipamba.

Sitakuambia uchemshe maji ya kunywa. Sitakuambia uvae sweta wala uchague rafiki. Hayo unayajua, na usiyoyajua Mwanza itakufundisha. Nina jambo moja tu, na nimelikalia tangu ulipokuwa mchanga.

Kumbuka kwanza siku uliyoondoka. Ulikuja umevaa viatu vyeupe vya wauguzi, umefurahi mpaka unaruka matope kama mbuzi. Ukaniambia wamekutoa kwenye kufunga vidonda, wamekuingiza chumba cha upasuaji, unashika beseni. Nilikuwa nachambua maharage. Nikasimama na ungo ukamwagika. Nikakuambia, "Beseni! Umekosa kazi nyingine, unakwenda kushika beseni la watu waliomtoa mama yako utumbo?" Wewe hukupiga kelele. Hilo ndilo lililoniuma, kwamba hukupiga kelele. Ukasema, "Bibi, mimi sijui nani alimuua mama. Ninachojua ni kwamba juzi tulimkata mtu utumbo, na leo ameamka akaomba uji." Nikatema mate chini. Ukaokota maharage yote, moja moja, ukayarudisha kwenye ungo, ukaondoka bila kuaga.

Nilikuona mpaka ulipopita kwenye mwerezi wa shule. Nilitaka kukuita. Sikukuita, maana kukuita kulitaka nikuambie ukweli, na ukweli huo sikuwahi kumwambia hata padri.

Haya. Gaspari, sogea, usiangalie baiskeli.

Mama yako Speciosa alikuwa na miaka kama uliyo nayo wewe sasa. Tulikuwa tumevuka kutoka Burundi na tulikaa Murusagamba katika kibanda cha nyasi, wakati ule hakuna maturubai wala malori ya unga. Wewe ulikuwa umezaliwa palepale, juu ya mkeka wa watu, mwezi mmoja tu. Tulikuwa tunalimia Wahangaza, wenyeji wa huku, nao wanatupa ndizi na maharage, na lugha yao na yetu ni mtu na nduguye, kwa hiyo tulicheka pamoja na kuumwa pamoja. Siku moja Speciosa akaanza kushika tumbo. Hajapata choo. Hajatoa hewa. Siku ya pili tumbo limejaa, ukiligonga kwa kidole linalia kama ngoma. Nikamkanda na kumnywesha mizizi yangu. Siku ya tatu akatapika kitu cha kijani, na macho yakarudi ndani. Ndipo wanaume wanne wakamweka kwenye machela. Mimi nikakubeba wewe mgongoni, tukaenda hospitali. Tulifika jua limetoka tu, umande ukiwa bado kwenye majani.

Daktari alikuwa mgeni, mrefu, anainama kila mlango. Alimgusa tumbo kidogo tu akaanza kuvua saa mkononi. Pembeni yake kulikuwa na muuguzi wetu, Odeta, mwanamke mnene mwenye sauti ya chini, anayejua Kirundi. Odeta akaniambia, "Mama, utumbo umejisokota, kama kamba inavyojisokota kisimani. Damu haipiti. Lazima wamfungue sasa hivi. Ukikutwa mzima wataunyoosha. Ukikutwa umekufa, watafanya kolektomi."

Nikamuuliza hicho ni nini. Na hapa sikiliza vizuri, maana neno hili umelisikia kwangu maisha yako yote na nilikupa kinyume. Odeta alisema: kolektomi maana yake ni kukata utumbo mpana na kuutoa. Si lazima wote. Mara nyingi ni kipande, kile kilichooza tu, halafu ncha mbili zilizobaki zinashonwa pamoja, au mwisho wa utumbo unatolewa ubavuni kwa muda mpaka mtu apone. Wakisema kolektomi bado hujajua wamekata kiasi gani, lazima uulize. Akanionyesha kwa mshipi wake: akaukunja, akaonyesha kipande cha katikati, akasema, "Hiki tu." Alieleza vizuri kuliko walimu wote walionikosa. Nilielewa. Usije ukasema bibi hakuelewa kwa sababu hakusoma. Nilielewa vizuri kabisa.

Kisha nikauliza swali langu. "Hicho kipande mtakipeleka wapi?"

Odeta akamwuliza daktari. Daktari akajibu bila kugeuka, anaosha mikono. Odeta akaniambia, "Vinavyokatwa vinachomwa, mama. Kuna shimo nyuma."

Wewe umekulia huku na umesoma, kwa hiyo nitakueleza. Kwetu mtoto kitovu chake kikianguka kinazikwa shinani mwa mgomba wa nyumbani. Kitovu cha Speciosa kipo ng'ambo, nilikizika kwa mikono yangu, na mgomba ule ulisalimika vitani, mimi nikakimbia. Kilichotoka mwilini mwa mtu aliye hai kinarudi kwenye udongo wake. Sasa hawa wanataka kuchukua nyama ya mwanangu, yeye yu hai ananitazama, waitupe motoni na pamba zenye usaha. Nikawaambia, "Mwanangu hajafa, mnaanzaje kumchoma?" Nikataka wanipe kipande nikakizike kwetu. Daktari akasema haiwezekani, kina uchafu, kinaleta maradhi. Akaleta karatasi ya kibali na kile kibweta cha wino. Nikakunja ngumi, dole gumba nikaliweka ndani, hivi. Gaspari ameona. Andika kwamba umeona.

Nilikaa hivyo tangu asubuhi, jua likapanda, likafika utosini, likaanza kushuka. Daktari akaja, akaenda, akaja. Alisema Kiswahili cha vitabu, mimi nikajifanya sikijui. Wewe ulilia, nikakuweka kwenye ziwa la mama yako, na maziwa hayakutoka. Speciosa akasema, na hiki sijawahi kumwambia mtu, "Mama, weka dole. Wape. Mimi nataka kumnyonyesha mtoto." Unajua nilimjibu nini? Nilimwambia, "Nyamaza, wewe hujui mambo haya."

Hujui mambo haya. Mtu mwenye tumbo lake.

Jioni Odeta akafunga mlango, akapiga magoti mbele yangu, mwanamke mnene vile, akasema kwa sauti ya chini, "Nitakuletea kipande mimi mwenyewe. Wakinifukuza, wanifukuze. Weka dole." Nikafungua ngumi. Dole lilikuwa limekufa ganzi, halikukubali kunyooka, Odeta akalinyoosha yeye akalichovya kwenye wino.

Kumbuka hilo, Leokadia. Jambo lilimalizwa kwa maneno machache ya mtu aliyepiga magoti. Odeta angeweza kuyasema asubuhi, nami ningeweza kuyaomba asubuhi, lakini yeye alikuwa anamwogopa daktari na mimi nilikuwa namwogopa mama yangu aliye kaburini, atakavyonicheka kwamba nilikubali nyama ya ukoo ichomwe na wageni.

Wakamkata. Wakatoa kipande chenye urefu wa mkono wangu, kutoka kiwiko mpaka vidole, cheusi. Ncha wakazishona. Siku ya pili aliamka, akaniuliza, "Amenyonya?" Wote tulikuwa tunamsubiri ajambe. Unacheka? Wewe muuguzi unajua. Odeta alisema mtu aliyefanyiwa kolektomi akijamba, njia imefunguka. Nilikaa pale nimetega sikio kwenye makalio ya mwanangu kama mtu anayesubiri habari za vita. Na akajamba! Kidogo, kama kuku aliyekanyagwa. Odeta akapiga makofi. Speciosa akaona haya, akajifunika uso kwa kanga, na chini ya kanga nilisikia anacheka. Kicheko kile bado ninacho. Nikiwa kisimani peke yangu ninakisikiliza.

Siku ya tatu homa ikampanda. Uchafu ulikuwa umeshamwagika ndani kabla hawajamfungua. Akafa mchana, wewe umelala kifuani kwake.

Nilimshika Odeta mkono nje ya wodi. Nikamwambia, "Wewe ni mwanamke, usinidanganye. Ningeweka dole asubuhi?" Akasema, "Asubuhi, mama, pengine ulikuwa bado mwekundu. Pengine wangeunyoosha tu, bila kukata. Pengine." Alisema pengine mara tatu. Nilimshukuru kwa pengine zile, maana aliniachia mahali pa kusimama, padogo kama jiwe mtoni.

Akaniandikia karatasi ya kifo, kwa Kiswahili. Akanisomea, akipitisha kidole chini ya kila mstari. Mstari wa kwanza jina. Wa pili, utumbo kujisokota na kuoza. Wa tatu, kolektomi. Wa nne, kibali cha ndugu kilichelewa tangu asubuhi hadi jioni.

Sikujua kusoma, lakini mahali pa mstari wa nne nilipajua kama ninavyojua kovu langu. Na nikaanza kazi yangu ya uongo. Kila aliyetaka kujua mtoto wangu amekufaje, nilimpa karatasi, nikaishika mwenyewe, dole gumba likiwa juu ya mstari wa nne. Walisoma, "Kolektomi." Nami nasema, "Mmesikia? Kolektomi ndiyo iliyomuua." Murusagamba nzima wakalichukua neno. Mtu akivimba tumbo wanasema asiende hospitali, atapata kolektomi, kana kwamba ni tauni inayokaa kwenye vitanda vya watu. Neno la kazi ya mkono wa daktari nikaligeuza jina la ugonjwa, kisha jina la muuaji. Sijui ni wangapi walibaki nyumbani na matumbo yao kwa sababu ya mdomo wangu. Hilo ninaliweka hapa, na Gaspari ameinamisha kichwa, hana cha kunipamba nacho.

Na wewe nilikushonea neno hilo kwenye nguo. Ulikuwa mdogo, unauliza mama yuko wapi, nakuambia walimtoa utumbo wote wakautupa. Wote! Hawakutoa wote, na hawakuutupa.

Odeta alitimiza. Alinipa kipande kwenye kopo la maziwa ya unga lenye mfuniko, amekijaza majivu. Tulipomzika mama yako kwenye makaburi ya misheni, nilikuwa na kopo lile chini ya kanga. Sikuliweka naye. Nilishupaa kwamba litakwenda nyumbani. Siku iliyofuata nikakufunga mgongoni, nikatembea mpaka mtoni, pale tulipovukia. Kulikuwa na mwenye mtumbwi, mzee mwenye jicho moja. Akaniuliza, "Unavuka na mtoto? Ng'ambo wanatafuta watu." Nikamwambia nina kitu cha kuzika. Akatazama kopo, akanitazama, akasema, "Mama, kitu hicho kikizikwa, nani atakuzika wewe? Na huyo wa mgongoni, nani atamzika?" Akasukuma mtumbwi peke yake. Nilikaa ukingoni mpaka ukaamka na kulia njaa. Naiona ile milima mpaka leo, iko karibu sana, mtu angeweza kuita na akaitikiwa. Nilikuwa naona hata migomba.

Nikageuka. Bibi mmoja Mhangaza niliyekuwa namlimia huku Kirushya, hapa ninapokaa sasa, alikuwa amenipa pembe ya shamba, hapakuwa na nyumba wala jiko. Nikachimba kwa jembe lake, nikaweka kopo, nikapanda chipukizi la mgomba juu. Nyumba ilifuata baadaye. Nyumba hii, Leokadia, ilijengwa kuufuata mgomba.

Sasa umeelewa. Ni ule ulio nyuma ya jiko, ulioongezeka ukawa kichaka. Siku uliyokata jani lake ujikinge na mvua ukitoka shule, nikakuchapa mpaka majirani wakaja, na hukujua kwa nini. Ulikuwa na miaka saba, umelowa, umeshika jani. Ulisema, "Ni jani tu, Bibi." Fimbo ile nisamehe. Nyingine zote ulistahili, ile hapana.

Nilikuwa nikiogopa kwamba nyama yake ikizikwa huku itatufunga huku, hatutarudi. Na imetufunga. Wenzetu wengine walirudi, wengine walirudi kisha wakakimbia tena, nawaona leo chini ya maturubai na watoto wa watoto wao. Mimi nimekaa. Nikiulizwa kwetu ni wapi, mdomo unasema ng'ambo, na miguu inakwenda nyuma ya jiko. Ni wewe tu uliyekuwa hujafungwa mahali, nami ndiye niliyekufukuza kwa mate.

Kaburi lake nimelikanyaga mara moja, siku ya kuzika. Siku ya Marehemu ulikuwa unakwenda na watoto wa jirani, unarudi na magoti yenye udongo, unaniuliza, "Mbona wewe huendi?" Nasema miguu inauma. Miguu haikuwa inauma. Ningemwambia nini pale? Yeye aliniomba kwa mdomo wake.

Gaspari ananiuliza tuweke mausia gani hapa. Nimemwambia mimi si padri. Lakini lipo moja, na hilo ni la kazi yako, kwa hiyo lichukue kama unavyochukua mkasi mezani. Huko uendako, siku moja ataletwa mtu tumbo limejaa, na kando yake kutakuwa na mama mzee amekunja ngumi. Mtamwita mjinga. Daktari atakuwa anaosha mikono kwa hasira. Wewe chuchumaa. Usimweleze kolektomi tu, pengine ameshaielewa, kama mimi. Muulize, "Mama, unaogopa kitu hiki kiende wapi?" Muulize asubuhi. Na yule aliyelala, mwenye tumbo lake, msikilize kuliko mama yake.

Na ukiandika karatasi, iandike kama Odeta, mistari yote. Nilimchukia kwa mstari wa nne miaka mingi. Leo naona alikuachia wewe, alijua mtoto yule wa mgongoni atakua na atasoma.

Karatasi yenyewe naiweka ndani ya barua hii. Imekaa kwenye kikapu cha mbegu, panya wameonja pembe moja, lakini maneno yote yapo. Leo Gaspari ameisoma kwa sauti kuanzia juu mpaka chini, nami mikono yangu ilikuwa magotini. Alipofika mstari wa nne akainua macho kunitazama. Nikamwambia, "Soma, nimeshauondoa mkono." Akasoma. Kuku walikuwa wanaendelea kuparura. Nilidhani kitu fulani kingeanguka, lakini hakikuanguka kitu.

Sikuombi uje kesho kabla lori halijaondoka. Ningetaka, ningetaka mpaka meno yanauma, lakini usije. Panda lori. Nitatoka nisimame juu pale kwenye mwerezi wa shule, maana barabara inaonekana kutoka pale, na kila lori litakalopita nitalipungia, maana sitajua lipi ni lako. Wewe ukiona kizee kinapungia malori yote, ni mimi.

Nimekukumbuka, mwanangu. Naweka sufuria ya watu wawili, nakula ya mmoja, nyingine nampa mbwa. Amenenepa mpaka aibu. Jioni nikisikia viatu njiani nasafisha koo nijiandae kuwa mkali, kisha ni mtu mwingine anayepita. Hata ukali wangu umekosa mahali pa kwenda. Ukiwa na hasira na mimi, kaa nayo, ni haki yako, ila uje nayo hapa tuikalie wote wawili.

Gaspari ana kidau cha wino. Nimechovya dole gumba mwenyewe, hakuna aliyelinyoosha. Lipo hapo chini, mahali pasipo na maandishi, halijafunika kitu.

Sasa hili la mwisho. Ukipata ruhusa ya kwanza huko Mwanza, usiniletee kanga wala sukari. Njoo na jembe jipya, dogo, la mpini mfupi. Usije kwanza nyumbani. Pita makaburini, ulitambue kaburi la mama yako, ung'oe nyasi, uweke alama ya jiwe. Halafu ndipo uje. Shikamoo uiseme mlangoni, kwa sauti, nikiwa ndani. Asubuhi yake tutakwenda nyuma ya jiko. Wewe utachimba shinani, mikono yako imeshazoea, na usiogope mizizi. Kopo litakuwa limeshaliwa na kutu, basi chukua udongo wenyewe, ujaze kikapu, ukate na jani moja kubwa la mgomba ule ule la kufunikia. Kata, nimekuruhusu. Kikapu nitabeba mimi. Wewe tangulia njia, kwa sababu mimi hilo kaburi sikumbuki vizuri liko wapi.